Kikohozi Nilichokiuza

Nilisikia kicheko kabla sijaona mtu yeyote. Nilikuwa nimetoka Pugu na baiskeli ya mkaa, jasho limeniziba macho, napita nyuma ya ukumbi mmoja wa Temeke ambao leo hata msingi wake hamtauona. Upande ule ukuta haukuwa na dirisha. Sauti ikatoka ndani kama mtu anayemwaga gunia la mahindi juu ya bati: kwanza punje mbili tatu, halafu zote kwa pamoja. Ikanyamaza. Ikamwagika tena. Nikaegemeza baiskeli, nikatafuta mahali tofali lilipomeguka, nikachungulia.

Nilidhani nitaona nyani kavaa suruali. Nikaona mzee mmoja mfupi amesimama jukwaani, ameshika kikombe cha bati, anakitazama. Basi. Hasemi neno. Anakitazama kikombe, anawatazama watu, anakirudia kikombe, na watu wazima na ndevu zao wanashikana mabega wasianguke.

Ulikuwa wakati ule bendera mpya bado ina mikunjo ya dukani, na kila mtu anaamini kwamba kesho ataamka mtu mwingine. Mie niliamini pale pale tunduni. Ule mkaa sikumbuki niliufikisha kwa nani.

Vijana wangu wa kikundi, mlipokuja barazani kwangu mkasema, "Shikamoo Mzee Makapi, tuandikie mambo ya kazi, nasi tujifunze," mlitaka niwaeleze namna ya kuchekesha. Nitawaeleza. Lakini msishangae mkiniona nainamisha uso kila baada ya kurasa mbili. Kazi hii niliipenda kuliko chakula, na hakuna kitu kilichowahi kunitia haya kama hii.

Yule mzee wa kikombe aliitwa Mzee Mbwana. Alikuwa dobi. Mchana anapiga pasi mashati ya wenye ofisi, jioni anawachekesha wenyewe. Nilimfuata uani kwake, akaniuliza bila kuinua macho kwenye pasi:

"Nani kakutuma?"

"Nimejituma mwenyewe, mzee."

"Tembea."

Nikatembea hadi kwenye banda la kuku.

"Rudi."

Nikarudi. Akatema mate kwenye pasi kupima moto, ikalia chwaa.

"Unatembea kama mtu anayejua anatazamwa. Huchekeshi hata kuku. Nenda sokoni ukaangalie miguu ya watu. Usirudi mpaka umpate mmoja."

Nilikwenda soko la Temeke, nikakaa chini kama mwenye kuuza kitu. Vichwa vya watu vinadanganya, wanangu. Mdomo unacheka huku moyo unalia, macho yanaweza kufunzwa. Mguu haujafunzwa na mtu. Nikamwona fundi viatu mmoja ambaye mwenyewe viatu vyake vilimbana, anatembea kama ardhi yote ni bati la moto lakini uso wake umetulia kama wa imamu. Niliubeba mwendo wake nikampelekea Mzee Mbwana. Akaweka pasi chini. Hakucheka, alitikisa kichwa tu, lakini toka siku hiyo nilikuwa mwanafunzi wake. Jina la Makapi nililipata kwa kuwa mwanzoni nilipewa sehemu ambazo wengine wamezikataa.

Alinifundisha kuhusu chungu cha uji. Alisema kicheko ni chungu cha uji jikoni. Kinapanda, kinataka kumwagika, na mpumbavu anakikimbilia anapuliza, anaongeza maneno juu yake. Fundi anasimama. Anakiacha kipande juu mpaka mwisho wake, kishuke chenyewe. Kuna mtu atakayecheka mara ya pili kwa sababu ya kimya. Kaa hivyo hivyo. Kuna atakayekohoa. Hapo sasa ukumbi wote uko mkononi mwako, na neno lolote utakalosema, hata kwa kunong'ona, litamfika mtu wa mwisho mlangoni. Alisema, "Kuwachekesha kila mlevi anaweza. Kuwanyamazisha, hiyo ndiyo kazi." Somo hilo nimelitumia jukwaani maisha yangu yote. Nje ya jukwaa nimelitumia siku moja tu, na siku hiyo nitaifikia.

Kwanza niwape la kucheka, msije mkasema mzee kawaletea matanga.

Tulialikwa Wazo, kwenye kiwanda cha saruji, tukawaburudishe wafanyakazi. Niliigiza babu mchoyo, na babu anahitaji mvi. Zamani tulijipaka unga kichwani, lakini miaka hiyo unga ulikuwa wa foleni, na Mzee Mbwana alikuwa na sheria: usijipake kichwani kitu ambacho watoto wa jirani hawajala. Nikaangalia huku na huku. Juu ya kila kitu pale kiwandani, kwenye madirisha, kwenye majani ya miti, kulikuwa na vumbi jembamba la kijivu, zuri, la bure. Nikajipaka kichwa kizima. Nikajitazama kwenye kioo cha lori, nikajipenda.

Sasa mchekeshaji anatoka jasho. Katikati ya mchezo nikahisi kichwa kinanibana kama nimevaa sufuria. Wale wafanyakazi walielewa kabla yangu, maana ndiyo kazi yao. Mmoja akapiga kelele kutoka nyuma:

"Jamaa kajijengea!"

"Mwagieni maji, akomae vizuri!"

"Msimguse, bado mbichi!"

Sijawahi kupata kicheko kama kile, na sikukifanyia kazi hata kidogo. Nilinyolewa kwa wembe, kwa kubanduliwa, nikarudi nyumbani Temeke na kichwa chenye mikwaruzo kama kilichopitiwa na paka. Binti yangu wa pekee, Zuhura, alikuwa mdogo, bado anaongea kwa kitembe. Alijificha nyuma ya khanga ya mama yake.

"Mama, nani huyu?"

"Baba yako."

"Siyo."

Nikachuchumaa. Akanikaribia pole pole, akanusa shavu langu, akasema, "Eee. Baba."

Ikawa ndiyo desturi yake. Mnajua ile dawa ya kuchua ya kikopo, yenye harufu ya mkaratusi. Tulikuwa tunajipaka chembe chini ya macho tunapotakiwa kulia jukwaani. Basi mie nikirudi kazini, Zuhura ananusa shavu. Nikinukia mkaratusi anasema, "Huyu Makapi," na anaenda zake kucheza. Nikinukia jasho anasema, "Huyu baba," na anakaa mapajani. Sie wakubwa tulicheka. Mama yake aliwahadithia majirani. Hakuna hata mmoja wetu aliyejiuliza kwa nini mtoto ahitaji kunusa ili amjue babaye.

Mambo ya kazi yalibadilika mara nyingi katika maisha yangu. Nilianza bila kipaza sauti, sauti inatoka tumboni na unapanga usimame wapi kufuata upepo unakoelekea. Vipaza sauti vilipokuja, nilikuwa nawapasua watu masikio. Nilipoitwa redioni niliigiza kwa miguu dakika nzima, studio kimya, mpaka fundi mitambo akagonga kioo: "Mzee, hatukuoni!" Yote hayo nilijifunza. Filamu ndiyo iliyonishinda, kwa kuwa ndiyo niliyoiweza.

Walikuja kunitafuta. Walikuwa wanatengeneza picha ya kuwaonya wazee wenye tamaa ya mahari, iende na gari la sinema mpaka kwenye vijiji vya ujamaa. Mie niwe baba aliyepokea mahari ya wanaume watatu kwa binti mmoja, na wote watatu wakatokea siku moja na mashehe wao. Kila mara baba anaondoka mkekani, anakwenda mlangoni kwa binti kuomba idhini, kama sheria ilivyo: "Binti yangu, unaniruhusu nikuozeshe kwa fulani?" Kila mara fulani ni mwingine. Watu wafe kwa kucheka.

Tulipigia picha kwenye nyumba moja ya Kiwalani, jirani na uwanja wa ndege. Kila ndege ikija kutua tunasimama, tunasubiri, tunaanza tena. Mwongozaji alikuwa kijana mwenye miwani mikubwa, aliyesomea nje, mpole. Nikafika mlangoni, nikafanya yote niliyofundishwa: magoti, mabega, macho.

"Mzee, punguza kidogo."

Nikapunguza.

"Punguza tena."

"Mwanangu, nikipunguza zaidi ya hapa nitakuwa maiti."

"Kamera iko karibu nawe kuliko mkeo, mzee. Punguza."

Watu wakacheka, mkewe kijana yule naye alikuwapo, akacheka. Nikapunguza mwendo wa fundi viatu. Nikautoa uso wa babu mchoyo. Nikavua kimoja kimoja kila nilichokiokota sokoni, mpaka nikabaki sina kitu. Ndege ikapita. Nilipokuwa nasubiri imalize kelele zake, nikajisahau, nikasimama kama ninavyosimamaga mlangoni kwangu ninapokuwa na jambo zito la kusema: mkono wa kushoto juu kwenye fremu, kofia nairudisha nyuma kwa kidole kimoja, kikohozi kidogo kikavu, kinakatika katikati. Hivyo ndivyo nilivyokuwa nimemposa mke wangu. Hivyo ndivyo nilivyomwambia mama yangu kwamba baba amefariki.

"Hapo hapo!" kijana akapaaza sauti. "Usiongeze kitu!"

Sikuongeza kitu. Nikawapa hicho.

Mara ya kwanza niliiona kwenye kiwanja cha mpira Kinondoni. Walitundika shuka kubwa, watu wamekaa pande zote mbili, hata upande ambao maandishi yanasomeka kinyume. Nilipokohoa pale shukani, uwanja mzima ulimwagika. Bi Mwajuma, jirani yetu muuza vitumbua, ambaye kicheko chake kinajulikana mtaa hadi mtaa, alilala chali kwenye nyasi. "Mnifanyie hisani, mnifunge khanga tumboni!" Nilifurahi mpaka miguu ikafa ganzi.

Mzee Mbwana alikuwapo, kazeeka, kaletewa kiti. Nikaenda kumshika mkono.

"Umechekesha," akasema.

"Nashukuru, mwalimu."

"Wengine wote nawajua ulikowatoa. Yule fundi viatu, yule mchoyo. Huyu je? Huyu nani?"

Nikaona haya kusema. "Ni mie, mwalimu."

Akaligeukia shuka lililokuwa likipepea.

"Sasa nyumbani utakwenda na nani?"

Nilimcheka. Nilidhani ni uzee.

Haikupita muda nikaanza kuelewa. Foleni ya sukari kwenye duka la ushirika, nikikohoa tu, foleni inaanguka. "Baba mkwe! Mke wangu yuko wapi?" "Baba mkwe, nami nimo kwenye orodha?" Msikitini nikazoea kukibana kikohozi mpaka machozi yanitoke. Niliposimama kwenye kikao cha mtaa kueleza habari ya kisima, nikarudisha kofia nyuma kwa kidole, na hoja yangu ikaishia pale. Hawakuwa wabaya, wanangu. Walinipenda. Walinikopesha, walinipisha kiti. Ila ilikuwa kama mtu aliyeuza mlango wa nyumba yake: kila mpita njia anachungulia, na huna la kumwambia, maana mlango ulimpa mwenyewe.

Zuhura alikuwa shule ya msingi. Siku moja akarudi ukosi umechanika.

"Nani kakufanya hivi?"

"Wananiuliza leo nimeolewa na nani."

Nikataka kumwambia maneno ya baba. Nikaweka mkono kwenye fremu ya mlango, nikakohoa.

"Usikohoe, baba," akasema, naye kainama chini. "Tafadhali."

Tangu siku ile aliacha kuninusa. Alikuwa amekua, nilijiambia.

Alikua kweli. Akasomea upigaji chapa, akaajiriwa, akawa dada mtulivu mwenye kucheka kwa kufunga mdomo. Akatokea Rashidi, mwalimu, kwao Kinondoni. Posa ikaja kwa heshima zake. Baba yake Rashidi, Bwana Salum, alikuwa karani mstaafu, mtu wa Kilwa, kanzu yake imenyooka kama aliyoipiga pasi Mzee Mbwana. Alinitazama wakati wote wa maongezi kama mtu anayetazama sarafu asiyoiamini. Mwisho akamwambia mdogo wangu Hamisi, siyo mie:

"Ndugu yangu, mie sina neno na binti. Binti ni lulu. Lakini ndoa hata kwa mzaha ni ndoa, na huyu bwana kaitamka mara tatu mbele ya nchi nzima watu wakacheka. Mwanangu haoi kwenye mchezo. Siku ya nikahi nikisikia kicheko, nasimama na watu wangu, tunakwenda zetu."

Hamisi akasema, "Hakutakuwa na kicheko." Mie nikatazama mkeka.

Zuhura alinijia siku chache baadaye. Nilikuwa uani, naye amekaa kando yangu na ungo, anachambua mchele. Alichambua muda mrefu kuliko mawe yaliyokuwamo.

"Baba, nina ombi."

"Sema, mama."

"Baba mdogo naye ni baba, siyo?"

"Ni baba."

"Basi siku ile asimamie yeye. Aje yeye mlangoni, aseme yeye mkekani. Wewe ukae tu. Hata ukikaa nyuma kidogo."

Mama yake alikuwa jikoni, akasikia. "Zuhura! Una baba hai, unamwambia nini?"

"Mama, nampenda Rashidi."

"Na baba yako?"

Akaacha mchele. Macho yake yalikuwa makavu, na hilo lilinichoma kuliko machozi. "Baba nampenda. Simwamini tu akisimama mlangoni."

Nilimwambia ana haki. Nikasema hivyo bila kukohoa. Nikaenda chumbani, nikakikohoa kwenye mto.

Siku ya nikahi, alasiri, wanaume wamejaa barazani na chini ya turubai, udi unafukizwa, wanawake wamejaa ndani kwa bi harusi, vigelegele vinapanda na kushuka. Nilikaa nyuma, nimeegemea tangi la maji. Sheikh akauliza walii, mwenye haki ya kumwozesha binti, ni nani. Hamisi akajisogeza.

"Wewe ni baba mzazi?"

"Mie ni baba yake mdogo, sheikh. Kaka kanipa."

"Kaka yuko hai?"

"Yuko hai."

"Yuko wapi?"

Watu wote wakageuka kwenye tangi la maji.

Sheikh alikuwa mgeni mtaani. Wanasema hakuwahi kukanyaga penye gari la sinema. "Babaye yupo, mzima, ana akili zake. Nenda ukamuulize mwanao, bwana. Ukirudi ukitaka kumpa ndugu yako uwakala, utampa hapa mbele yangu nisikie. Siyo kunong'onezana."

Nikainuka. Nilimwona Bwana Salum anavuta viatu vyake karibu na mkeka. Toka barazani hadi mlango wa Zuhura ni mwendo mfupi, na mashahidi wawili walikuwa nyuma yangu. Nikawa naiambia miguu: tembea, tembea tu. Lakini ni nani basi ninayetembea kama yeye? Nilijua mwendo wa watu wote wa soko la Temeke. Wangu nilikuwa simjui tena mwenye nao.

Nikafika. Mlango uko wazi, pazia limeshushwa. Nikashika fremu. Wallahi sikukusudia, nilitaka kitu cha kushika. Joto, udi, vumbi la watu wengi, koo likaniwasha. Nikabana. Nikabana tena. Kikatoka, kikavu, kikakatika katikati.

Upande wa pili wa pazia Bi Mwajuma akapasuka.

Mahindi yote juu ya bati. Wanawake wakaanguka kila mmoja juu ya mwenziwe. "Anaozwa kwa nani leo?" "Mwenzangu, usinichekeshe!" Nyuma yangu barazani nikasikia vijana nao wameanza, na juu ya kelele zote hizo nikasikia kiatu kimoja kikigonga sakafu. Bwana Salum kishavaa mguu mmoja.

Miaka yote hiyo, kwenye hatari yoyote, mwili wangu ulijua la kufanya: ongeza. Vua kofia, piga goti, wape kingine. Nikamkumbuka Mzee Mbwana na chungu chake. Nikasimama. Sikuutoa mkono kwenye fremu, maana kuutoa pia kungewachekesha. Nikakiacha kicheko kipande juu. Kikapanda hadi kwenye mabati, kikakaa huko, kikaanza kushuka. Mmoja akacheka peke yake kwa sababu ya kimya. Nikasimama. Mtu akakohoa, safari hii siyo mie. Halafu nyumba nzima, na baraza, na turubai, vikawa mkononi mwangu kama ukumbi wowote. Na mie sikuwa na mchezo wa kuwapa.

"Zuhura," nikasema. Sauti ilikuwa ndogo, sikuitambua. "Ni baba. Unaniruhusu nikuozeshe kwa Rashidi bin Salum?"

Pazia lilikuwa jembamba. Nilikiona kivuli chake kimeinama, bangili zinalia kidogo.

"Nakuruhusu, baba."

Nikavuta pumzi. Akaongeza, taratibu, kwa adabu zote nilizomlea nazo:

"Ila aseme baba mdogo."

Hakuna aliyecheka.

Nikarudi mkekani. Nikampa Hamisi uwakala mbele ya sheikh, kwa sauti ya kutosha, nikarudi kwenye tangi langu. Bwana Salum alikaa kitambo na kiatu kimoja mguuni. Halafu akakivua, akakipanga vizuri kando ya mwenziwe. Hamisi alitamka vizuri sana. Yule hana kipaji hata chembe, neno lake linatoka jinsi lilivyoingia, na siku ile nilimwonea wivu kuliko mwigizaji yeyote niliyewahi kumwona.

Mtaniuliza: mzee, sasa tufanye nini, tusiigize? Igizeni. Igizeni mabalozi na wake zao, igizeni fundi viatu, nendeni sokoni mkaokote miguu, ipo mingi. Mkija kuwekwa mbele ya kamera mkaambiwa mpunguze, punguzeni. Ila mjue kuna mahali pa kukomea. Kila mtu ana namna anayoshika fremu ya mlango akiwa na jambo zito. Hiyo msimpe mtu. Iacheni nyumbani, itawafaa.

Basi siku ile ya nikahi walikuja kumchukua Zuhura kabla ya magharibi. Nyumba ilishaanza kupungua watu. Mama yake alimshika, wakalia wote wawili, halafu ikawa zamu yangu. Mie nilisimama katikati ya sebule, mikono nimeibana nyuma isije ikaenda mlangoni. Kidevu changu kikaanza kutetemeka.

Na hapa ndipo penye aibu yangu kubwa, wanangu, kuliko shuka la Kinondoni, kuliko turubai lote. Kidevu kilipotetemeka, upande mmoja wa kichwa changu ukasema: kumbe kinaanzia mdomo wa chini. Kumbe na bega la kulia linashuka. Likumbuke hilo. Binti yangu wa pekee anaondoka nyumbani kwangu, na kuna mtu ndani yangu amechuchumaa kama pale soko la Temeke, anaokota.

Nikajua Zuhura ameliona hilo. Alinitazama hivyo hivyo kama baba mkwe wake alivyonitazama siku ya posa.

"Baba," akasema.

Ningesema nini, na kwa sauti ya nani?

Akaliinua baibui kidogo asilikanyage, akanisogelea. Nilidhani ananiaga kwa mkono, nikautoa. Hakuushika. Aliinamisha uso wake pembeni mwa uso wangu, karibu, akavuta pumzi kwa puani, polepole, kama alipokuwa mtoto. Nilikuwa nimeshinda juani kwenye tangi la maji tangu asubuhi. Nilikuwa nanuka jasho, na udi, na jasho tena.

Alibaki pale kwa pumzi moja zaidi. Kisha shangazi yake akamshika kiwiko, wakatoka, na mlango ukafungwa nyuma yao.